Shahada ya Kuzinduka

Jumatano, 2 Julai

Siku kubwa! Nimeteuliwa. Saa nne asubuhi simu ililia, nikavaa miwani, nikasoma ujumbe mara tatu. Chuo Kikuu cha Kimataifa cha Hekima ya Ulimwengu kimeniona. Mimi, Clavery Byabato, mwalimu mstaafu wa Kiswahili, mkazi wa Kagondo, Bukoba. Wanataka kunitunuku Udaktari wa Heshima. Sikuomba. Wamenitafuta wenyewe! Namba yangu wameipata wapi sijui, lakini mwenye sifa hajifichi.

Masharti mawili tu. Kwanza, andiko la kurasa nne kuhusu neno moja la lugha yangu: maana zake na matumizi yake. Pili, mchango wa joho na lakiri.

Klaudia, mke wangu, alikuwa anamenya ndizi. Nikamsomea ujumbe kwa sauti ya darasani. Akauliza chuo kiko wapi. Nikamjibu kwamba jina lenyewe linasema: kimataifa. Akaendelea kumenya. Furaha yake huwa anaificha vizuri sana.

Na wakati ni mwafaka. Binti yetu Annastella anaposwa mwezi huu, tarehe 19, na kijana Alexander, bwana shamba wa kutoka Ijumbi kule Muleba. Kijana hana tatizo. Tatizo ni baba yake mkubwa, Rwekaza, mkuu wa ukoo wao. Daktari Rwekaza! Amesomea migomba. Miaka sita ughaibuni anasomea migomba, jambo ambalo bibi yangu alilijua bila kutoka kibanjani, kwenye shamba lake la migomba. Muleba nzima wanamwita Daktari. Siku ya posa yeye akae upande ule na udaktari wake, mimi nikae upande huu na uzee wangu? Haiwezekani.

Baiskeli nimemuuzia Shaban wa Kashai. Aliipenda sana. Mchango umekwenda.

Ijumaa, 4 Julai

Neno. Nimezunguka kibanja kizima nikitafuta neno. Upendo? Limechoka. Maendeleo? Limechoka zaidi. Kisha, nikiwa nimeegemea mgomba, likanijia lenyewe. KUZINDUKA! Neno la watu wazima. Mtu anaamini jambo miaka na miaka, siku moja macho yanamfumbuka, anaona halikuwa hivyo hata kidogo. Nimelichagua kwa sababu naweza kulitazama kwa utulivu, kutoka nje. Mimi sijawahi kudanganywa na mtu.

Kamusi yangu imesema kidogo: kuamka ghafla, kurudiwa na fahamu baada ya kuzimia, kutambua ukweli baada ya kuwa gizani. Sawa. Lakini kamusi haikai na watu. Haijui wanalisemaje wakiwa jikoni, wakiwa msibani, wakiwa wamekasirika. Hiyo ni kazi ya mtafiti. Nimenunua daftari jipya.

Klaudia ameuliza baiskeli iko wapi. Nimemwambia wasomi hutembea. Akauliza kama na mikungu ya ndizi nayo itatembea hadi sokoni. Nikafungua daftari. Nilikuwa nafikiri.

Jumatatu, 7 Julai

Sikukuu ya Sabasaba. Nimekwenda Bilele kwa miguu. Jua kali, viatu vimeniuma kisigino cha kushoto. Wasomi hutembea, sawa, ila hawakusema kwa viatu gani.

Najibu ana steshenari pale Bilele, na mkewe Safina anashona nguo barazani. Nilikwenda kuchapisha barua ya uteuzi niiweke kwenye fremu. Najibu akaisoma kabla ya kuichapisha. Akairudia. Akaniuliza kwa upole kama hao watu wa chuo nimewahi kuwaona. Nikamwambia hata Baba Mtakatifu sijawahi kumwona, na yupo. Safina akacheka mpaka uzi ukakatika. Najibu akasema nshomile, yaani ninyi wasomi wa Kihaya, hamjambo, kwa kusoma mnaweza kuuza hata paa la nyumba. Wivu tu. Na paa sijaliuza.

Nikafungua daftari. Nikawaomba sentensi zenye neno kuzinduka. Safina alitoa yake papo hapo. Alisema alizinduka kuhusu mchumba wake wa kwanza siku alipoona picha ya harusi ya yule bwana kwenye simu ya shoga yake, na bibi harusi hakuwa yeye. Safi sana! Maana ya tatu hiyo. Nikamuuliza alijisikiaje. Akasema kwanza kama mtu aliyemwagiwa maji ya baridi, baadaye kama mtu aliyeoga. Nimeliandika neno kwa neno. Mwanamke huyu angekuwa darasani kwangu angefika mbali.

Najibu yeye akasema wapo watu ambao hata uwapigie ngoma sikioni hawazinduki. Alikuwa ananitazama machoni. Mfano wa ukanushi. Nimempa vema. Safina akaongeza kwamba nyani haoni kundule. Methali nzuri, ila haihusiani na neno letu. Nimemkumbusha asitoke nje ya mada.

Jumanne, 8 Julai

Barua ya posa imefika! Mshenga wa Ijumbi ameileta katika bahasha nyeupe, akapewa chai, akakaa kungoja jibu. Klaudia alikuwa anachuma kahawa. Nikaifungua mwenyewe.

Imeandikwa kwa mkono wa Rwekaza. Na imeanzaje? "Kwa Mwalimu C. Byabato." Mwalimu! Wakati uteuzi wangu una siku sita! Nikaendelea kusoma nikiwa tayari nimechafuka roho. Koma tatu zimepotea. Sentensi ya pili haina kitenzi. Herufi kubwa zimemwagwa ovyo kama mahindi ya kuku.

Kalamu nyekundu ilikuja mkononi yenyewe. Miaka thelathini na minne ya ualimu haifi siku moja. Nilisahihisha kwa haki, sikumwonea. Pale penye sentensi nzuri niliandika "Vema". Mwisho nikaweka alama: 58 kwa 100. Chini yake: "Anwani si sahihi. Mpokeaji ni Daktari. Rudia kazi. Jitahidi."

Nikairudisha ndani ya bahasha, nikampa mshenga. Akaichungulia. Akaniuliza kama nina hakika. Nikamwambia mwalimu asiyesahihisha anawanyima watoto haki yao. Akaondoka bila kumaliza chai.

Klaudia aliporudi nilimweleza. Akakaa chini palepale, juu ya kikapu cha kahawa. Kahawa imepondeka kidogo.

Alhamisi, 10 Julai

Kimya kutoka Ijumbi. Mshenga amepiga simu mara moja tu. Anasema mzee Rwekaza aliisoma, akavua miwani, akaenda zake migombani. Mashangazi wa Alexander wao wamesema mengi. Wamesema katika ukoo wao posa imewahi kukataliwa, imewahi kucheleweshwa, lakini haijawahi kurudishwa kama daftari la darasa la nne. Sasa tarehe 19 haijulikani kama ipo.

Jioni Annastella amekuja kutoka Muleba mjini, anakofanya kazi katika duka la dawa. Hakunisalimia vizuri. Alipita moja kwa moja nyuma ya jiko, akachukua kisu, akaanza kumenya ndizi na mama yake. Niliposogea nikaona anamenya huku analia, machozi yanadondokea kwenye sufuria. Akaniambia, bila kupandisha sauti, kwamba hajawahi kuomba baba daktari. Ameomba baba atakayenyamaza siku moja tu. Alexander anampenda, naye anampenda Alexander, na wamengojana miaka mitatu. Sasa yote yameishia kwenye kalamu nyekundu.

Niliumia. Niseme ukweli humu ambamo hakuna anayesoma: niliumia sana. Huyu ndiye mtoto niliyemfundisha a, e, i, o, u kwa punje za maharage juu ya mkeka. Sikupenda kumwona hivyo. Nilishindwa hata kula, na ndizi zilikuwa za nyama.

Nimekaa, nimetafakari, nimepata suluhisho. Nitamwongezea Rwekaza alama tano. Sitini na tatu si haba.

Jumamosi, 12 Julai

Asubuhi Klaudia amevaa kitenge chake cha kanisani. Amechagua mkungu mkubwa kuliko yote kibanjani, akaufunga nyuma ya pikipiki ya kukodi, akabeba na kahawa ya kutafuna ile anayoichemsha mwenyewe na majani ya harufu nzuri. Amesema anakwenda Ijumbi kumjulia hali mgonjwa. Nikauliza mgonjwa gani. Akasema mgonjwa yuko Kagondo, ila dawa iko Ijumbi. Sikumwelewa, na nilikuwa na haraka. Nilimwomba amfikishie Rwekaza habari ya alama tano. Akasema atafikisha kila kitu.

Haraka yangu ni hii: cheti kimefika! Kimekuja kwa anwani ya duka la Najibu, naye amepiga simu, nikaenda Bilele mbio kwa kisigino kimoja. Kizuri mno. Kina lakiri ya dhahabu, tai wawili na dunia. Dosari ni moja tu. Picha iliyobandikwa si yangu. Ni ya bwana mmoja mwenye ndevu nyingi na tai ya kipepeo. Najibu akanionyesha hiyo picha kwa kidole, akangoja. Nikaitazama sana. Nikaelewa.

Nimeanza kufuga ndevu.

Klaudia amerudi jioni, mikono mitupu, uso mkunjufu. Nikauliza mgonjwa anaendeleaje. Akasema hana nafuu, ila wenye dawa wamekubali kumvumilia. Watu wema hao, sijui ni akina nani.

Jumatatu, 14 Julai

Ushindi! Barua mpya imefika kutoka Ijumbi. Imeandikwa upya, koma zote ziko mahali pake, kila sentensi ina kitenzi. Na anwani: "Kwa Mheshimiwa Daktari Clavery Byabato." Wanakuja tarehe 19! Annastella ameruka ruka kama alipokuwa na miaka saba, akamkumbatia mama yake, kisha, baada ya kufikiri kidogo, akanikumbatia na mimi. Nimemwambia aone sasa faida ya kusahihisha. Klaudia alikohoa muda mrefu.

Nimempa Rwekaza tisini na moja. Mia haitolewi. Mia ni ya mwalimu.

Mchana kwa Safina kupima joho. Joho la chuo halijaja. Wameandika kwamba limekwama bandarini, halafu hawakuandika tena. Safina huwa anakodisha majoho ya wahitimu wa chekechea. Kubwa kuliko yote limenifika kiunoni. Ameahidi kuliunganisha na kitambaa cha pazia. Pazia lina maua ya njano. Nimemuuliza kama maua ni ya kidaktari. Akasema kwa mtu kama mimi yatakuwa ya kidaktari kabisa, Mungu amsamehe. Nilipoondoka nilimsikia anamwambia Najibu kitu, na wote wawili wakainamia cherehani mabega yakitikisika. Watu wa Bilele ni wachangamfu. Nawapenda.

Alhamisi, 17 Julai

Andiko linakaribia mwisho. Chuo wameshatoa cheti bila kulingoja, jambo linaloonyesha imani yao kwangu. Lakini nimeamua kulimaliza na kulisoma Jumamosi mbele ya wageni. Rwekaza asikie.

Nimefika sehemu ngumu: tofauti ya kuzinduka na majirani zake. Kugutuka ni kwa mwili. Paka akiangusha sufuria unagutuka. Kuerevuka ni kwa akili. Huja polepole, kama mvi. Kukata tamaa je? Hapo nilikaa saa mbili. Wengi wanayachanganya. Mtu akipoteza alichokiamini, husema amekata tamaa, kumbe amezinduka tu. Nikaandika, nikafuta, nikaandika. Mwisho nimepata sentensi ambayo hata mimi imenishangaza. Nitaisoma Jumamosi.

Nilimwomba Klaudia sentensi yake. Kila mtu ametoa, yeye bado. Alikuwa anapepeta maharage. Akasema anayo moja, ya siku nyingi, atanipa shughuli ikiisha.

Kaka yangu Ismael, ambaye ndiye msemaji wetu, amenikumbusha kwamba kwa desturi baba wa binti hukaa kimya, msemaji ndiye husema. Desturi nzuri, kwa akina baba wasio na la kusema. Nimemwomba dakika kumi. Amenipa tano. Nimeandika kurasa kumi na moja.

Jumamosi, 19 Julai

Nitaandika kwa utaratibu.

Wamefika saa saba, watu kumi na nane, na vibuyu vya rubisi ya ndizi, mbuzi mmoja, na furushi kubwa lililofunikwa turubai ambalo walilisimamisha nyuma ya jiko na kumkataza kila mtu asiliguse. Rwekaza alikuwa mbele. Mzee mfupi, shati la mikono mifupi, viatu vya vumbi. Huyo ndiye daktari! Mimi nilikuwa na joho, maua ya njano, na ndevu za siku saba.

Ismael aliwauliza kama wamepotea njia, maana hatuwajui. Wakasema hawakupotea, wamefuata harufu ya wema. Kikapu cha kahawa ya kutafuna kikazunguka. Kila mtu akachukua punje zake, akatafuna. Kisha Ismael akanitambulisha kama Daktari. Mashangazi wa Ijumbi wakaziba midomo kwa khanga. Rwekaza peke yake hakucheka. Aliinuka akanishika mikono yote miwili, akaniita Mheshimiwa.

Nikasimama kusoma. Annastella alifumba macho. Namwona bado, amekaa mkekani kati ya shangazi zake, macho ameyafumba kabisa na mikono ameibana magotini kama mtoto anayengoja sindano.

Nilisoma dakika thelathini na tano. Ismael alinivuta joho mara mbili. Pazia likaachia kidogo kwenye mshono. Nikasoma maana ya kwanza, ya pili, ya tatu. Nikasoma sentensi ya Safina, ya maji ya baridi na kuoga. Hapo nikasikia akina mama wanaguna. Nikafika kwenye sentensi yangu. Nainakili humu:

"Anayekata tamaa hupoteza kitu chenyewe. Anayezinduka hupoteza uongo tu uliokuwa umekifunika. Kitu hubaki palepale, kinamngoja akitazame upya, na mara nyingi kinatosha."

Wote wakaacha kutafuna, hata watoto wakanikodolea macho. Nikadhani nimekosea. Kisha nikaona Klaudia ameinamisha uso, anajifuta kwa ncha ya kitenge. Annastella alikuwa amefumbua macho, ananitazama kama alivyokuwa akinitazama enzi za punje za maharage. Rwekaza akavua kofia. Akasema amesoma vitabu vingi na ameandika vichache, lakini neno hilo hajawahi kusikia limeelezwa vizuri hivyo, na kwamba nyumba inayojua maneno namna hii ndimo wanamotaka kuoa. Akasema pia kwamba barua yake ya kwanza ameitundika ukutani, na masahihisho yote yalikuwa ya haki, isipokuwa koma moja. Watu wakacheka, mimi pia. Koma ipi? Nitamuuliza.

Wamekubaliana. Wamekubaliana! Harusi Desemba. Vigelegele vilisikika hadi barabarani.

Baada ya kula Rwekaza aliniomba nimtembeze kibanjani, sisi wawili tu. Akasimama mbele ya mgomba mmoja mzuri, wa kijani. Akanieleza kazi yake. Ugonjwa wa mnyauko, alisema, wakati mwingine unaukuta kwenye mgomba unaopendeza machoni hivyo hivyo. Ukiukata, ndani unatoka usaha wa njano. Zamani alikuwa akifika kwa mkulima anamwambia moja kwa moja kwamba shamba limekwisha. Wakamfukuza na mapanga. Siku hizi anakaa, anatafuna kahawa, anauliza habari za watoto, halafu anampa mkulima panga akate mwenyewe. Alisema mtu hazinduliwi kwa kupigiwa kelele.

Mfano mzuri! Nilisikitika sikuwa na daftari.

Akatembea hatua chache, akaniuliza, taratibu, chuo changu kiko mji gani. Nikamwambia ni cha kimataifa. Akauliza kama nimewahi kuongea na mwalimu wao hata mmoja. Nikamwambia wana shughuli nyingi. Akauliza yule bwana mwenye ndevu kwenye cheti ni nani. Nikajishika kidevu nikamwambia bado zinaota. Akachuma jani kavu la mgomba, akalikunjakunja mkononi. Nikatambua: anatamani! Maskini mzee, udaktari wake ni wa migomba tu, hana wa heshima. Nikamwahidi kumpendekeza kwao. Akanitazama usoni, akatabasamu, akanipigapiga bega, akasema migomba yangu ni mizima.

Nampenda huyu mzee. Sikutegemea.

Jumapili, 20 Julai

Nimeamka na furaha. Misa, mahubiri mafupi, watu wote wamenipa mkono.

Furushi la nyuma ya jiko tumelifungua. Baiskeli! Alexander amenizawadia baiskeli kama baba mkwe. Imesafishwa, ina kengele mpya na tandiko jipya. Na ajabu yenyewe: ubavuni imeandikwa C.B. kwa rangi nyeupe, kwa mwandiko unaofanana kabisa na wangu! Ina hata lile bonyeo la siku nilipogonga mti wa mparachichi. Annastella alikuwa ananitazama, akauliza kama naitambua. Nikamwambia inafanana sana na yangu ya zamani, ila yangu haikuwa na kengele. Akamtazama mama yake. Mama yake akasema amwache tu.

Nadhani kijana aliiona kwa Shaban, akaipenda, akainunua bila kujua historia yake. Ana jicho zuri. Atamtunza mwanangu.

Nimezunguka nayo Kagondo nzima nikipiga kengele. Kisigino kimepona siku hiyo hiyo.

Jumanne, 22 Julai

Siku tulivu. Manyunyu asubuhi. Nimemkumbusha Klaudia deni la sentensi. Tulikuwa tumekaa barazani, yeye anachagua kahawa, mimi nina daftari. Akaacha kuchagua. Akasema alizinduka mwezi wa tatu baada ya harusi. Alikuwa amedhani ameolewa na mtu mwenye akili kuliko wote Bukoba, maana mtu huyo alimwambia hivyo mwenyewe. Siku ile akamwona alivyo. Akalia kidogo. Kisha akamtazama vizuri aliyebaki, anavyomfundisha mtoto wa jirani kusoma bila kuombwa, anavyoshindwa kula akimwona mtu analia. Akaona anamtosha. Anamtosha hadi leo.

Akarudia kuchagua kahawa. Nilikaa na kalamu mkononi. Sentensi ndefu, lakini ni bora kuliko zote. Nimeiweka ya kwanza katika orodha. Ila alisema kwa mafumbo, sijui anamzungumzia nani. Nadhani ni habari za dada yake Clotilda. Mume wake yule alikuwa anajisifu sana. Nikamwambia amsalimie Clotilda, amevumilia mengi. Klaudia akacheka mpaka punje zikamwagika. Nikamsaidia kuokota. Tumeokota pamoja, taratibu, bila haraka. Nilijisikia vizuri sana, sijui kwa nini.

Saa kumi simu ililia. Chuo! Wamefurahishwa mno na udaktari wangu. Baraza lao limekaa na kuniteua Profesa wa Heshima! Mimi peke yangu Afrika Mashariki yote. Andiko jingine la neno moja, na mchango wa kofia. Nimeshapata neno: BUSARA. Na kofia naiona kabisa kichwani siku ya harusi, Desemba, Rwekaza akiwa na kofia yake ya jua.

Nilitoka mara moja kuitazama baiskeli. Shaban aliipenda sana ile ya kwanza. Hii ina hata kengele. Nimekuta Klaudia ameifunga kwenye nguzo ya baraza kwa mnyororo wa ng'ombe na kufuli mbili, na funguo amezivaa shingoni pamoja na rozari.

Mwanamke makini. Kumbe wezi wamezidi Kagondo, na mimi nilikuwa sijui.